Write Away: Elizabeth George akiwa mbele ya ubao

Elizabeth George ni Mmarekani aliyejipatia jina kwa riwaya za upelelezi zinazotokea Uingereza, lakini kabla ya riwaya yake ya kwanza, A Great Deliverance, kuchapishwa mwaka 1988, alikuwa amefundisha Kiingereza katika shule za sekondari za California kwa zaidi ya miaka 10. Kazi hiyo ya ualimu ndiyo inayokitofautisha Write Away, kitabu chake cha mwaka 2004 kuhusu uandishi wa riwaya. Waandishi mashuhuri wanapoandika juu ya kazi yao, mara nyingi hutupatia kumbukumbu za maisha zilizotiwa mawaidha mawili matatu, na msomaji hufunga kitabu akiwa na hamasa bila kujua kesho asubuhi aanzie wapi. Hiki kimepangwa kama andalio la somo: kwanza hili, kisha lile, na kila hatua ina kazi ya kufanya.

Utaratibu wenyewe unaanza na mambo machache tu, yaani muuaji, aliyeuawa na sababu ya mauaji. Kutoka hapo mwandishi huwapa wahusika majina, kisha humwandikia kila mmoja maelezo marefu ya maisha yake, tabia yake, hofu zake na uhusiano wake na wengine, kabla ya kugusa sura ya kwanza. George anashikilia kwamba msuko wa matukio hutokana na wahusika, na kwamba anayekwama katikati ya riwaya mara nyingi hajawafahamu vya kutosha watu aliowaumba. Baada ya wahusika hufuata orodha ya matukio, kisha mpango wa kina wa kila onyesho, na ndipo rasimu inapoanza. Wapo watakaosema kwamba utaratibu huu unaua ubunifu. Kwa riwaya ya upelelezi sikubaliani nao, kwa sababu mwandishi asiyejua alikoficha ushahidi hawezi kumtendea haki msomaji anayeutafuta.

Sehemu niliyoiona ya thamani kuliko zote inahusu mazungumzo. George ana mbinu anayoiita kwa kifupi THAD (Talking Head Avoidance Device, yaani kifaa cha kuepuka vichwa vinavyoongea tu), ambayo humzuia mwandishi kuwaacha wahusika wawili wakisemezana ukurasa mzima kana kwamba hawana mikono wala mahali walipo. Mpelelezi anapomhoji mjane, mjane huyo apewe shughuli, na shughuli hiyo ifichue jambo ambalo maneno yake yanalificha. Anayekunja nguo za marehemu kwa utulivu mno tayari ameshatoa sehemu ya ushahidi. Riwaya zetu nyingi za upelelezi za Kiswahili, ambazo mahojiano ndiyo uti wa mgongo wake, zingenufaika sana na somo hili moja.

Kila sura hutanguliwa na dondoo kutoka katika shajara ambazo George huziandika anapotunga riwaya, desturi aliyoiiga kwa John Steinbeck, mwandishi wa riwaya wa Marekani. Humo tunamkuta mwandishi ambaye vitabu vyake vimefanywa tamthilia na BBC akiwa bado anahofia kwamba safari hii kipaji kimemwishia. Dondoo hizo ni fupi na hazijipendekezi.

Kasoro zipo. Mifano kutoka katika riwaya za watu wengine ni mirefu kupita kiasi, na mahali pengine nilihisi kwamba inajaza kurasa zaidi ya inavyofundisha. Aidha, sura ya utafiti wa mandhari inamfikiria mwandishi anayeweza kupanda ndege, kukaa katika eneo la hadithi yake, kupiga picha na kurekodi maelezo yake. Anayeandika usiku baada ya kazi ya ajira itambidi achukue kanuni na aache gharama, na pengine aiweke hadithi yake katika mtaa anaoweza kuufikia kwa daladala.

Kitabu hakina tafsiri ya Kiswahili ninayoifahamu, ingawa Kiingereza chake ni chepesi. Ningempendekezea mtu ambaye tayari ana mswada uliokwama kuliko yule anayetafuta sababu ya kuandika. Anayetaka kuona utaratibu huohuo ukifuatwa ndani ya riwaya moja akitafute kitabu chake kingine, Mastering the Process, cha mwaka 2020, ambamo George anaifumua Careless in Red, riwaya yake inayotokea Cornwall, kusini-magharibi mwa Uingereza. Hata hivyo, Write Away kisomwe kwanza.