Twisheni ya jioni Ngamiani: hapa ndipo nilipoielewa probabiliti

Mimi ni fundi cherehani hapa Tanga. Kidato cha nne nilimaliza zamani, hesabu nikapata F, na mwaka huu nimerudi kama mtahiniwa wa kujitegemea. Kabla ya hapa nilisoma kituo kingine kwa miezi minne. Kule probabiliti, yaani hesabu za uwezekano, ilikuwa fomula ubaoni, tunanakili, tunarudi nyumbani. Sikushika kitu. Naandika kwa wenzangu wanaoresiti na wanatafuta pa kwenda wakitoka kazini.

Vipindi ni Jumanne na Alhamisi, saa kumi na moja na nusu jioni, shilingi 1,500 kila kipindi. Chumba kina mabenchi na feni moja.

Siku ya probabiliti Mwalimu hakugusa chaki. Alituambia kila mtu atoe sarafu, airushe mara 20 na kuandika kila inavyoanguka, K kwa kichwa, M kwa mwenge. Sarafu za siku hizi hazina mwenge, mia ina swala na mia mbili ina simba, lakini jina limebaki tangu ile shilingi yenye mkono ulioshika mwenge. Mama yangu anayo moja hadi leo, kwenye kopo la vifungo.

Mimi nilipata vichwa 13. Nikadhani sarafu yangu mbovu. Tulipojumlisha za watu wote 24, mirusho 480, vichwa vilikuwa 233, karibu kabisa na nusu. Mrusho wangu mdogo uliyumba, wa darasa zima ukatulia. Hilo hakuna aliyewahi kunionyesha.

Kisha tukarusha sarafu mbili pamoja. Aliuliza kwanza: uwezekano wa kupata kichwa kimoja na mwenge mmoja ni upi? Nikajibu kwa sauti, theluthi moja, kwa sababu niliona mambo matatu tu: vichwa viwili, mwenge mbili, au mchanganyiko. Hakunicheka. Alisema Mfaransa d'Alembert, mtu wa hesabu hasa, aliteleza mahali hapohapo mwaka 1754, akaandika kwamba ukirusha mara mbili uwezekano wa kupata angalau kichwa kimoja ni 2/3. Halafu akatutaka tutumie mia na mia mbili, ili tuzitofautishe. Kichwa kwenye mia na mwenge kwenye mia mbili ni tokeo moja. Kinyume chake ni jingine. Basi matokeo ni manne: KK, KM, MK, MM. Mchanganyiko ni 2/4, na jibu la d'Alembert lilipaswa kuwa 3/4. Tuliporusha mara 480, mchanganyiko ulitokea mara 246. Nilikuwa naiona kwa macho yangu.

Sarafu tatu zilikuwa rahisi baada ya hapo. Matokeo manane, na "angalau kichwa kimoja" unaihesabu kwa kutoa ile MMM peke yake: 7/8.

Kuna kijana wa bodaboda darasani anayebeti. Yeye alishikilia kwamba vichwa vikifuatana vitatu, sasa ni zamu ya mwenge. Mwalimu hakubishana naye. Alituambia turudi kwenye karatasi za mwanzo, tutafute kila mahali palipo na KKK, tuangalie kilichofuata. Tulipata sehemu 46: mwenge 24, kichwa 22. Sarafu haikumbuki ilivyoanguka. Yule kijana aliikunja karatasi yake, akaitia mfukoni. Kwangu robo saa ile ina thamani kuliko ada ya mwezi mzima, maana mtaani kwetu nimeona mishahara ikiishia kwenye mikeka ya kubeti kwa imani hiyohiyo ya zamu.

Kasoro ipo, na nimemwambia mwenyewe. Anafundisha kwa Kiswahili kizuri sana, lakini mtihani unakuja kwa Kiingereza, na maswali ya zamani tuliyafanya mawili tu. Wiki iliyofuata, kwenye swali la "angalau", nusu yetu tulikwama kwenye lugha wakati hesabu tulikuwa tunaijua. Ameahidi kuongeza Jumamosi moja ya maswali. Michoro ya mti, ile inayoonyesha kila tokeo kwa tawi lake, pia aliipitia mbio, na mimi bado naichanganya matawi.

Ukienda, fika mapema upate benchi la mbele, feni haifiki nyuma. Na beba sarafu mbili zisizofanana.