Warsha ya kuchapa mimea kwa jua: nilichokipata siku moja nikiwa safarini

Katikati ya safari nilibaki na siku moja tupu. Niliyokwenda kuyaona nilikuwa nimeyaona, na usafiri wa kuendelea ulikuwa kesho yake. Ukutani, pale nilipofikia, palibandikwa tangazo la warsha ya kuchapa majani na maua kwa jua. Kilichonivuta ni picha ya kwenye tangazo lenyewe: jani la kangaga, jeupe kabisa, limelala juu ya buluu nzito, na kila kipande chake kidogo kinahesabika. Nilitaka kujua kitu kile kinafanywaje, nikajiandikisha.

Nitangulize jambo moja ambalo ningefurahi kuambiwa mapema. Kabla hujalipia warsha ya aina hii, uliza utapewa karatasi ngapi. Ukijibiwa kwamba ni moja, tafuta kwingine. Picha ya kwanza karibu kila mtu huiharibu, na ni katika kuiharibu ndiyo unaelewa kazi. Sisi tulipewa karatasi tatu na kipande cha kitambaa cha pamba kila mmoja, na hiyo ndiyo sababu kubwa ya mimi kuisifu warsha hii.

Tulikuwa watu wanane. Mwalimu alitupeleka kwanza kwenye chumba chenye mapazia mazito na taa moja hafifu ya manjano. Mezani palikuwa na chupa mbili za rangi ya kahawia. Hakutuletea dawa ya kupaka karatasi ikiwa imekwisha kuchanganywa, alituonyesha tangu unga. Wa kwanza ni sitrati ya feriki ya amonia, wa kijani. Wa pili ni ferisianidi ya potasiamu, chembe nyekundu zinazoelekea rangi ya chungwa. Gramu 25 za ule wa kwanza katika mililita 100 za maji, gramu 10 za huu wa pili katika mililita 100 nyingine, kila kimoja chupa yake. Zikiwa mbalimbali hukaa muda mrefu. Zikishachanganywa nusu kwa nusu, ni kazi ya siku hiyo hiyo.

Mama mmoja aliyekuja na binti yake wa miaka kama kumi alishtuka aliposikia neno linalofanana na sianidi, ile sumu kali, akauliza kama mtoto atoke nje. Mwalimu hakumpuuza. Alimwambia, “Mama, umeuliza vizuri,” kisha akaeleza kwamba katika dawa hii sianidi imefungwa na chuma kwa nguvu, kwa hiyo haina ukali ambao jina lake linatia hofu. Lakini haichanganywi na asidi kali wala haiunguzwi motoni, kwa sababu hapo gesi ya sumu inaweza kutoka. Akampa mtoto glavu za saizi yake. Kwangu mimi hapo ndipo warsha ilipopata heshima. Nimewahi kuhudhuria mafunzo ya ufundi ambapo swali la usalama linajibiwa kwa kucheka.

Kupaka dawa ni kazi ya dakika mbili tu: brashi pana ya sifongo, mkono mwepesi, mara moja kwa urefu na mara moja kwa upana. Karatasi inageuka manjano yenye ukijani. Inaachwa gizani mpaka ikauke kabisa, na tuliisubiri uani tukichagua mimea.

Kwa karatasi ya kwanza nilichukua ua nene lililofunguka vizuri, bichi, la kupendeza mkononi. Nililiweka juu ya karatasi nikaipeleka juani, bila kioo kwa sababu ua lilikuwa limenyanyuka mno kiasi kwamba kioo kisingelala. Nikahesabu dakika 8 kwa haraka ya kutaka kuona. Nilipoosha nilipata buluu iliyopauka, na katikati yake doa jeupe la mviringo lisilo na sura. Hakuna petali wala shina. Juu yake pia palikuwa na baka la majimaji ya ua lenyewe.

Mwalimu aliishika ile karatasi akaniambia, “Dada, jua halioni uzuri wa ua. Linaona linapozuiwa na linapopita.” Nimeyafikiria maneno hayo mara nyingi tangu siku ile, maana ndiyo kazi yote. Ua nene huzuia mwanga kila mahali sawasawa, ndiyo maana linabaki kivuli. Petali moja nyembamba, jani changa, ganda la mbegu lililokauka: hivi hupitisha mwanga kidogo hapa na zaidi pale, na ile tofauti ndogo ndiyo inayoonekana kama vishipa kwenye picha. Baada ya hapo nilizunguka uani upya, safari hii nikiinua kila jani juu kulielekeza kwenye jua kabla ya kulichuma. Majani niliyokuwa nimeyaruka mwanzoni, yale membamba yaliyotobolewa na wadudu, yakawa ndiyo ninayoyataka.

Karatasi ya pili niliitengeneza kwa utulivu. Jani la kangaga lililokuwa limebanwa kati ya kurasa za kitabu siku kadhaa (mwalimu alikuwa na akiba yake), petali mbili nyembamba, na shina la nyasi lenye mbegu. Kioo juu, ubao chini, vibanio pande zote nne ili mmea ulale na ncha zitoke kali. Kisha juani dakika 15, karibu na adhuhuri, mbingu nyeupe bila wingu. Karatasi haibaki ilivyo. Ile manjano inaingia kijani, kijani inaingia buluu, halafu buluu yenyewe inachujuka na kuwa ya kijivu kama bati la zamani. Mgeni wa kazi hii huiondoa inapofika buluu, akidhani imeiva. Inaiva inapofika kijivu.

Kinachotokea pale ni habari ya chuma. Miale ya urujuanimno, ile ya jua isiyoonekana kwa macho, inabadili chuma kilicho kwenye dawa kutoka hali moja kwenda nyingine, nacho kikishabadilika hushikana na ferisianidi kuwa buluu ya Prussia, rangi isiyoyeyuka majini. Hiyo inaganda ndani ya nyuzi za karatasi. Chini ya jani ambako miale haikufika, dawa inabaki kama ilivyopakwa, na maji yanaiondoa yote. Kwa hiyo weupe wa jani unaouona ni karatasi yenyewe.

Aliyegundua njia hii ni mwanasayansi Mwingereza John Herschel, mwaka 1842. Mwaka uliofuata Anna Atkins, mwanamke aliyekuwa mtaalamu wa mimea na ambaye familia yake ilifahamiana na Herschel, alianza kuitumia kuchapa mwani wa baharini. Mwani ni mwembamba na una matawi mengi mno, kuuchora kwa mkono ni taabu. Yeye aliulaza juu ya karatasi, jua likamchorea. Aliendelea kwa takriban miaka kumi, karatasi kwa karatasi, hata maelezo akiyachapa kwa njia hiyo hiyo kwa mwandiko wake, na kazi yake ya 1843 inahesabiwa kuwa kitabu cha kwanza kupambwa kwa picha za mwanga. Baadaye wahandisi wakaichukua njia hii kunakilia michoro ya majengo. Mwalimu alitusimulia haya tukiwa tunasubiri zile dakika 15, si kabla, na nadhani alipanga hivyo kwa makusudi. Nikiwa nimeshika fremu yenye jani langu, nilimwelewa Anna Atkins kwa namna ambayo nisingemwelewa kwenye somo la darasani.

Kuosha ndiko kunakoleta furaha. Karatasi inaingia beseni la maji ya kawaida, maji yanageuka manjano, na buluu inaanza kupanda polepole kutoka kwenye ule ukijivu. Buluu kamili huja yenyewe saa kadhaa baadaye inapokutana na hewa, lakini beseni la pili lilikuwa na maji yaliyotiwa peroksidi ya hidrojeni kidogo, na humo rangi ilikolea papo hapo. Yule binti alipiga ukelele. Mimi nilinyamaza tu. Jani langu la kangaga lilikuwa pale, na ndani ya zile petali mbili mishipa ilionekana kama njia za maji.

Sasa kasoro, kwa sababu zipo. Uoshaji ulifanywa kwa pupa. Watu wanane tulitumia beseni lile lile na maji hayakubadilishwa mara ya kutosha, kwa vile muda ulikuwa umekwisha. Dawa isipotoka yote, sehemu nyeupe hubaki na umanjano, na zikipata mwanga baadaye zinaingia buluu. Usiku ule niliziosha tena karatasi zangu kwenye sinki la chumbani, nikibadili maji mpaka yakabaki meupe, na hilo ndilo lililoziokoa. Vilevile tulifungiwa kazi zetu zikiwa na unyevu ndani ya gazeti, na wino wa gazeti uliacha alama nyuma ya karatasi moja. Ningependa wangetupa karatasi safi ya kunyonya maji. Aproni nazo hazikuwa na mikono. Dawa ikigusa nguo haitoki, basi vaa nguo usiyoionea uchungu.

Jambo jingine la kuuliza kwa msafiri ni mawingu. Wingu halizuii kazi, huongeza muda tu, lakini mvua huizuia kabisa, na waandaaji wetu walikuwa tayari kukuhamishia siku nyingine bila kukurudishia fedha. Kwa mwenye siku moja tu, hilo halisaidii. Chagua kipindi cha karibu na adhuhuri, maana asubuhi sana na jioni miale inayohitajika huwa dhaifu.

Kitambaa sikukipenda. Kinakunywa dawa nyingi, kinataka muda mrefu zaidi juani, na mistari midogo ya jani inapotelea kwenye nyuzi. Wengine walikifurahia kwa ajili ya kushonea mifuko. Ukikifua, epuka magadi na sabuni kali, kwa sababu vitu hivyo huila buluu ikawa njano.

Kuna faida moja ambayo sikuitegemea. Mimea mibichi nchi nyingi haziruhusu kuivusha mpaka kiholela, kwa kuhofia wadudu na magonjwa, na zipo hifadhi ambazo hata kuchuma jani ni kosa. Mwalimu alisisitiza tuokote kwanza yaliyoanguka, na tunapochuma tusiache shina likiwa uchi. Lakini alama ya jani inavuka mpaka wowote. Jani la kangaga nililirudisha kwa mwenyewe, umbo lake nikaondoka nalo kati ya vipande viwili vya kadibodi, kwa ukubwa wake halisi kabisa, maana lililala juu ya karatasi ile ile.

Kati ya nyota tano naipa nne. Ile moja ni ya uoshaji. Ukienda na mtoto aliyezidi miaka saba au minane atafurahi. Mdogo zaidi ya hapo itamchosha kwa kungojea.

Nilipofika nyumbani niliitundika ile ya pili ukutani mkabala na dirisha. Baada ya wiki kadhaa niliona imepauka, na moyo uliniuma. Nikakumbuka mwalimu alisema buluu hii ikichoshwa na mwanga hupumzishwa gizani. Niliitia kwenye droo, nikaiacha. Nilipoitoa, rangi ilikuwa imerudi. Sasa imetundikwa korido, upande usiofikiwa na jua.