Metro ya Dubai: mji mzima dirhamu 7 na nusu, uzio mmoja ukaniliza

Nilisema nitulie kwanza ndipo niandike, lakini siku zinapita na kifua bado kinapanda. Nyota mbili. Na hizo mbili ni za treni yenyewe, maana treni haijanikosea hata siku moja.

Mimi ni mtu wa Tanga, niko Dubai miaka kadhaa sasa, gari sina. Metro ndiyo miguu yangu. Haina dereva, kwa hiyo ukibahatika kusimama mbele kabisa unaiona Barabara ya Sheikh Zayed yote imelala chini, magari yamebanana, wewe unawapita kwa juu. Behewa la wanawake na watoto limenipumzisha jioni nyingi. Na nauli, kutoka Deira mpaka kule Jebel Ali, dirhamu 7 na nusu kwa Nol ya kawaida, kadi ya kulipia nauli. Hapo sina neno.

Sasa juzijuzi, joto limeshaanza kushika, nikahamishiwa kazi kwenye jengo jingine. Nikatazama ramani nikafurahi: kituo hiki hapa, jengo lile pale. Ukishuka jukwaani unaliona mpaka madirisha yake. Nikavuka daraja la juu lenye kiyoyozi, mkanda unakusogeza wenyewe, raha tupu. Mlango wa kioo ukafunguka. Nje, mchanga. Njia ya miguu ilikwenda hatua kama ishirini ikakatika, na mbele yake uzio wa waya. Nyuma ya uzio, maegesho ya jengo langu.

Palikuwa na geti, na mlinzi kwenye kibanda. Nikamwambia nafanya kazi humo, nikamwonyesha kitambulisho. Hakukitazama. Akaninyooshea kidole barabarani, akasema kwa Kiingereza hapa ni magari tu. Wakati nimesimama ikaja gari nyeupe, vioo vyeusi, haikushusha hata kioo. Kizuizi kikanyanyuka, ikapita. Nikaifuata kwa nyuma, kizuizi kikashuka mbele ya kifua changu.

Nilitamka "La haula!" bila kukusudia. Yule mlinzi, kijana tu, akageuka. "Dada, kumbe wewe ni wa nyumbani?" Kiswahili cha Nairobi kabisa. "Pole dada yangu. Nikikuacha upite kwa miguu, kamera iko hapo juu, kazi yangu imeisha leo. Zunguka geti la mbele."

Geti la mbele! Kulifikia ni kutembea kando ya barabara ya pembeni isiyo na njia ya miguu, na kuvuka pasipo kivuko hapa ni faini, dirhamu 400. Nilijaribu, lori likanipita mpaka mtandio ukapeperuka, nikarudi. Nikaita teksi kwa ajili ya jengo ninaloliona kwa macho. Teksi haiwezi kugeuka pale, ikaenda mbele mpaka kwenye makutano ya juu, ikazunguka, ikarudi. Mita ikasoma karibu mara mbili ya nauli ya kuvuka mji wote kwa treni. Nikafika nimelowa jasho, nikaulizwa mbele ya watu kwa nini sitoki nyumbani mapema.

Mtaniambia kuna mabasi ya kuunganisha. Yapo, na ukibadilisha ndani ya nusu saa huanzi nauli upya. Basi langu linanishusha upande uleule wa uzio.

Yule kijana nilimchukia siku nzima. Sasa simchukii, ramani ya mahali pale hakuichora yeye. Metro ilifunguliwa tarehe 9 mwezi wa 9 mwaka 2009, wakati majengo mengi ya barabara ile yalikwishasimama, milango yao inatazama maegesho. Reli ikawekwa kandokando ya barabara kuu. Stesheni ikajengwa vizuri mno, na mwenye kiwanja cha jirani akabaki na uzio wake. Nani alikuwa na kazi ya kuwakalisha hao wawili meza moja? Kwetu waya ule ungekwishatobolewa siku ya pili, na mama wa maandazi amekaa kwenye tundu. Hapa hakuna anayethubutu.

Lakini nikisema nyota mbili nafsi inanisuta. Ile mvua ya Aprili 2024, mji umegeuka ziwa, vituo kadhaa vikafungwa kwa majuma, ndipo nilipojua bila reli hii sisi tusio na magari hatuna mji. Siku iliporudi kawaida nilitaka kubusu jukwaa. Basi nyota nne. Hapana, tatu, kwa sababu kesho asubuhi uzio utakuwa palepale.

Na sasa wanajenga Laini ya Buluu, kilomita 30, vituo 14, inatarajiwa mwaka 2029. Itapita International City, Silicon Oasis, Academic City, sehemu za watu wa kawaida. Naomba kwa dhati, kabla nguzo haijasimama, mtu mmoja atembee kwa miguu saa saba mchana, mwezi wa Agosti, kutoka kila kituo mpaka kila mlango wa jirani, na pale anapokutana na waya patobolewe geti.

Mimi na yule mlinzi tunasalimiana kila siku kupitia uzio. Huniuliza habari za nyumbani, nami humuuliza, kisha nakwenda kutafuta teksi.