Netherite ya Minecraft: madini ambayo hata lava haiyawezi

Wadau, mi gemu la Minecraft nalicheza kwa simu na mdogo wangu tangu likizo ya mwezi wa 12. Tumeshajenga nyumba, shamba la ngano, mpaka daraja la kuvuka mto, ila kilichonifanya niandike leo ni kitu kimoja tu, Netherite. Watu wengi naona wanauliza kama inafaa kuihangaikia au wabaki tu na vifaa vyao vya almasi, sasa mi nimeitafuta karibu wiki tatu, kila usiku nikitoka kazini, kwahiyo naongea kitu nilichokishika.

Kwa asiyejua, hii kitu zamani haikuwepo, ililetwa na toleo la 1.16 mwezi wa 6 mwaka 2020, kabla ya hapo ukiwa na almasi umemaliza. Na haichimbwi dunia ya juu, lazima uingie Nether, kule kuzimu kwenye moto. Afu hata ukifika huikuti imechomoza ukutani kama dhahabu. Jiwe lake linaitwa Ancient Debris na limefunikwa na mawe mengine pande zote, yaani unaweza ukazunguka Nether mwezi mzima unalipita tu hapohapo ulipo. Mengi yako usawa wa Y 15, Y ni namba ya kimo ulichopo, kwahiyo kabla ya yote ingia setingi za dunia yako uwashe kordineti, zile namba zinazoonyesha uko wapi. Na sururu iwe ya almasi, ukilipiga na ya chuma linavunjika na hupati chochote, hilo liwekeni kichwani.

Jiwe moja ukilichoma kwenye tanuru unapata skrepa moja, skrepa 4 unachanganya na dhahabu 4 ndo unapata kipande kimoja cha Netherite, na hicho kinapandisha kifaa kimoja tu cha almasi kuwa cha Netherite. Sururu peke yake ni mawe 4. Mavazi ya vita kuanzia kofia mpaka viatu ni mawe 16.

Siku nne za kwanza nilichimba kwa sururu tu nikapata mawe mawili. Mdogo wangu ndo akaniambia kaka tutumie vitanda. Kitanda ukijaribu kukilalia Nether kinalipuka, tena mlipuko mkubwa, na lile jiwe mlipuko haulivunji, kwahiyo kila kitu kinaondoka linabaki lenyewe. Tukanyoa kondoo wote wa jirani na nyumba, kitanda kimoja ni sufu 3 na mbao 3, na kwenye begi havipangiki kimoja juu ya kingine, kila kitanda kinakula nafasi yake, tukashuka na vitanda 20 na chakula kidogo tu.

Unachimba njia ya vitalu viwili kwenda juu, unaweka kitanda mbele, unaweka jiwe moja kati yako na kitanda likukinge, unabonyeza. Kule ndani kunakuwa kwekundu kote, moto unawaka chini, unasubiri upungue. Mlipuko wa sita ndo nikaona kitu cha kahawia kimeng'ang'ania ukutani peke yake, juu kina michoro ya kuzunguka kama gamba la konokono, na nyuma yake kuna kingine kimeshikana nacho. Mdogo wangu alipiga kelele mpaka mama akaja mlangoni kuuliza kuna nini. Ile furaha almasi haijawahi kunipa, nasema ukweli.

Sasa thamani yake niliijua siku niliyokufa. Nilikuwa nimeshapandisha sururu, mwilini bado nimevaa almasi, nikalipua kitanda kumbe nyuma ya ule ukuta kuna lava, na lava ya Nether inakimbia sana tofauti na ya juu, sikuwahi hata kugeuka. Nilijua vyote vimeenda. Nikarudi mbio na dawa ya kuzuia moto, nikakuta almasi zote zimeungua, kofia, viatu, kila kitu, halafu pale juu ya lava sururu yangu inaelea. Netherite ikianguka kwenye lava haiungui na haizami, inakaa juu inakusubiri, ila kumbuka kitu kikidondoka kina dakika 5 tu ukiwa eneo lile kabla hakijapotea. Nikaweka mawe moja moja mpaka nikaifikia. Lakini msichanganye, mavazi ya Netherite hayakukingi wewe mwenyewe na lava, yanayopona ni yenyewe, we unakufa kama kawaida, kwahiyo ile dawa tembea nayo.

Kwa matumizi ya kila siku utofauti unauona. Sururu ya almasi inapiga mara 1561 ndo inaisha, ya Netherite 2031, na zile enchantimenti zako zote, yaani nguvu za ziada ulizokiwekea kifaa, zinabaki ukipandisha, hazifutiki. Mavazi yake pia ukipigwa husukumwi mbali kama mwanzo, na pembeni ya shimo hilo ndo linaloamua unaishi au unakufa.

Nisichokipenda ni templeti, kile kitu cha ziada kinachotakiwa wakati wa kupandisha kifaa. Tangu toleo la 1.20 la mwaka 2023 kila kifaa unachopandisha kinakula templeti moja, na ya kwanza mpaka ukaitafute kwenye ngome za Piglin, wale viumbe wa Nether wanaofanana na nguruwe. Vaa hata kiatu cha dhahabu uende nao kwa amani, ila wale wakubwa wenye shoka hawajali umevaa nini. Ukishaipata moja unaikopi kwa almasi 7 na kipande cha Netherrack, lile jiwe la kawaida la Nether. Kwa vifaa vitano ni kuikopi mara nne, almasi 28 zimeenda, na hapo mawe yenyewe bado hujayahesabu. Naelewa wenye gemu hawataki iwe rahisi, lakini ugumu wa kulitafuta jiwe ulitosha kabisa, almasi 3 zingefaa, hasa kwa mnaocheza wawili kama sisi.

Mi naipa 9 kwa 10. Na kama una mawe manne tu anza na sururu, usianze na upanga kama wanavyofanya wengi, kwasababu sururu ndo itakayokuletea mengine. Sisi saivi tuna mawe 11 kabatini, mavazi ya kwanza tumekubaliana ni ya mdogo wangu, na kondoo wameshaota manyoya tena.