Sinthesaiza za zamani za kompyuta: ipi ununue kwanza, ipi uiache

Mwaka jana nilifungua wimbo niliouanza zamani. Ngoma zikalia, besi ikalia, lakini traki ya ile sauti ndefu laini ya nyuma ikabaki kimya. Noti zote zipo kwenye skrini, zimejipanga vizuri, ila mita ya sauti haisogei. Plagini yake, yaani sinthesaiza inayofunguka ndani ya programu ya kutengenezea muziki, ilikuwa ya biti 32, aina ya zamani ambayo kompyuta nyingi za sasa haziifungui, na kampuni iliyoniuzia ilishazima seva ya kuthibitisha leseni. Nilikuwa nimeilipia kihalali. Tangu hapo, kabla hata sijasikiliza plagini ya zamani, nauliza kama itafunguka kwenye kompyuta yangu ijayo. Orodha hii imepangwa kwa swali hilo.

1. Surge XT. Surge ilianza kama bidhaa ya kuuzwa ya Vember Audio. Mwaka 2018 aliyeitengeneza akauachia wazi msimbo wake, na watu wa kujitolea wanaiendeleza hadi leo. Ni ya bure, inaenda kwenye Windows, Mac na Linux. Hata hawa wakichoka, mwingine anaruhusiwa kuipokea, na plagini nyingi za kulipia hazikupi uhakika huo. Iweke pamoja na Dexed, nayo ya bure, inayofuata mfumo wa kinanda cha Yamaha DX7 cha mwaka 1983 na kusoma mafaili ya sauti za kinanda hicho. Kaa na hizi mbili mwezi mzima kabla hujatoa pesa.

2. Korg M1. Kinanda chenyewe kilitoka 1988, na Korg wenyewe wanakiuza kama programu. Hii ndiyo ningeilipia kwanza. Fungua sauti ya Organ 2 ubonyeze noti moja ya chini: inaanza na mlio mkavu, kama kidole kinachogonga mbao, halafu mwili mnene unafuata. Muziki wa house wa mwanzoni mwa miaka ya 1990 uliitegemea sana, pamoja na piano yake. Sampuli zake, yaani vipande vya sauti vilivyorekodiwa ndani yake, ni ndogo kwa viwango vya leo, na mimi nazipenda kwa sababu hiyo hiyo: hazijai kila mahali, kwa hiyo mwimbaji anapita juu yake bila kugombana na kinanda.

3. Sylenth1. Ni ya miaka ya 2000, na bado inauzwa. Ina oseleta 4, yaani vyanzo vya sauti, na inaweza kufikisha sauti 512 kwa pamoja, lakini haiielemei prosesa. Mwenye laptopu ya kawaida atashukuru. Sauti zake za kiwandani zimeshatumika mno, basi anza na ukurasa mtupu utengeneze zako.

4. Leseni ya mtumba. Unaweza kupata kitu kizuri kwa bei nafuu, ila usitume pesa mpaka kampuni yenyewe ikuthibitishie kwamba leseni hiyo inahamishika. Namba ya siri peke yake haitoshi. Kama leseni inakaa kwenye ufunguo wa USB, hakikisha ufunguo huo bado unatambuliwa na mifumo ya sasa.

5. Plagini za biti 32 zilizotelekezwa. Usinunue. macOS, mfumo wa kompyuta za Mac, iliacha kuendesha programu za biti 32 tangu toleo la Catalina, 2019. Programu za kutengenezea muziki nazo zimeziacha: Cubase kuanzia toleo la 9, Ableton Live kuanzia la 10. Kwenye Windows kuna madaraja kama jBridge, yaani programu za kuziwezesha plagini hizo kufunguka, na REAPER, programu nyingine ya kutengenezea muziki, inazifungua yenyewe, ila daraja likianguka katikati ya kazi utalia.

Kama tayari unayo moja unayoipenda, iokoe wakati bado inafungua. Cheza noti, ruka nusutoni tatu (hatua tatu za funguo za kinanda, nyeusi zikiwemo), cheza nyingine, kila moja sekunde nane hivi, urekodi kama mafaili ya WAV, kisha uyapange ndani ya sampla, programu inayocheza sauti zilizorekodiwa. Mimi ilibidi niazime kompyuta ya rafiki ambayo haijaunganishwa na intaneti kwa miaka, plagini ile ile ikiwa bado inafunguka humo kwa leseni iliyothibitishwa zamani. Kazi ilichukua jioni moja, na traki yangu sasa inalia.