Huduma ya kutunza wazee majumbani Malindi: nzuri, ila bafuni bado

Huduma hii inayozunguka Shela hadi Maweni tunaipendekeza. Mhudumu hupima presha kwanza, hukagua visigino na makalio, kisha mgonjwa wa kitandani humgeuza kila baada ya saa 2. Mto huwekwa chini ya miguu ili kisigino kining'inie, kisiguse godoro. Vidonda huanzia hapo, hasa joto la kaskazi likilowesha shuka.

Kasoro ni bafuni. Mzee aliyekimbia vita akimwagiwa maji ghafla, mlango umefungwa, hofu ya zamani humrudia. Mfano ni huu: wakimbizi kutoka Ujerumani waliomkimbia Hitler walianzisha Selfhelp huko New York mwaka 1936, na hadi leo shirika hilo hutunza manusura wa Maangamizi, yaani mauaji ya Wayahudi chini ya utawala wa Hitler. Kwa manusura hao kuoga ni jambo zito: katika kambi za mauaji za utawala huo watu waliambiwa wanakwenda kuoga, kumbe ni vyumba vya gesi.

Basi wahudumu wetu wafundishwe: maji yapashwe mapema, mzee aonyeshwe ndoo na kata, aambiwe kila hatua, aanziwe miguuni, komeo lisifungwe. Akikataa, afutwe kwa kitambaa. Na mkate aliouficha chini ya mto usitupwe bila kumwambia. Aliyewahi kushinda na njaa huweka akiba. Mkiagiza, ombeni mhudumu yuleyule kila siku.