Wapimaji ardhi wa upande wa Nansana: nyota nne, wakili wao nyota mbili

Ukitaka mtu wa kukuonyesha mawe ya mipaka tu, hapa Uganda, Kampala na wilaya jirani ya Wakiso wamejaa, na wa bei nafuu hutamkosa. Ofisi hii ninayoisifu iko ghorofani, juu ya duka la dawa, na niliilipa laki tisa kwa kazi nyingine: kuniambia kama kiwanja cha futi hamsini kwa mia, nilichotaka kukinunua kwa kiinua mgongo changu cha jeshi, kimeingia katika ardhi oevu ya Lubigi au hakijaingia. Jina lao siliandiki, maana wakili wao nitamsema.

Dalali alikuwa na hati miliki halali ya mwaka 2003. Niliipekua kwenye sajili ya ardhi: jina la muuzaji lipo, hakuna rehani, hakuna zuio. Wengi hutoa pesa hapo hapo. Mimi tangu NEMA, mamlaka ya mazingira ya Uganda, ibomoe nyumba kule Lubigi mwaka 2024 sina imani na karatasi peke yake.

Mpimaji ni kijana mpole mwenye kifaa cha setilaiti begani. Mawe mawili aliyapata upesi. La tatu lilikuwa limefukiwa na kifusi cha maramu, na mtu hamwagi kifusi mahali pakavu. La nne liko ndani kabisa, karibu na mafunjo. Lakini aliyestahili pesa yangu ni dada wa mazingira aliyekuja naye, mwenye chuma kirefu cha kutobolea ardhi. Alianza juu, akatoa udongo mwekundu. Akashuka hatua kwa hatua mpaka udongo ukageuka kijivu wenye madoa ya kutu, dalili ya ardhi inayolowa, akapiga kigingi papo hapo: oevu inaanzia hapo. Ilikuwa kiangazi, mahindi yamesimama vizuri, na kijana wa muuzaji akaapa kwamba hapo maji hayajai. Dada akamjibu kwa upole, "Basi tumlete huyu mzee mnunuzi mwezi wa Novemba, tuone kama atavuka bila gambuti."

Hapo ndipo ugomvi mwingi wa viwanja hivi unapoanzia. Kwa sheria ya Uganda, ardhi oevu si lazima iwe na maji mwaka mzima. Panapofurika kwa msimu, na mimea na wanyama wake wamezoea hali hiyo, pamehesabiwa kuwa oevu. Muuzaji anakuonyesha mahindi ya Februari, NEMA inatazama maji ya Novemba.

Ripoti yao ni ya kurasa chache na inasomeka. Karibu theluthi ya kiwanja, upande wa chini, iko kwenye oevu. Wameeleza pia kinachofuata. Ibara ya 237 ya Katiba ya 1995 inaipa serikali ardhi oevu kuishika kwa niaba ya wananchi, na Sheria ya Ardhi ya 1998 inaikataza kuikodisha au kuigawa. Hati iliyotolewa baada ya hapo inaweza kufutwa, na Baraza la Mawaziri liliamua hivyo mwaka 2014. Lakini haifutwi kimyakimya: msajili wa ardhi lazima akupe taarifa ya siku 21 na akusikilize.

Sasa wakili. Aliniita Afande kila sentensi ya pili, akaniagizia chai, akasema hati ni hati, nunua bila hofu, wakikugusa utalipwa fidia kwa ibara ya 26 ya Katiba, ile inayolinda mali ya mtu. Nikamuuliza habari ya kesi ya Nyakana dhidi ya NEMA. Bwana yule alijenga Bugolobi, nyumba ikabomolewa mwaka 2005, akaenda mahakamani na ibara hiyo hiyo ya 26. Mahakama ya Katiba ilimkatalia, na mwaka 2015 Mahakama ya Juu nayo ikamkatalia: kukuzuia usiitumie ardhi kwa namna inayoharibu mazingira si kukunyang'anya. Wakili akakohoa, akanitajia laki tano za kuandika barua. Nyota mbili ni za chai.

Simkatalii kila kitu. Hati hizi zilipigwa mhuri na ofisi za serikali, ada ikapokelewa, na aliyenunua kwa nia njema ndiye anayebaki na kifusi. Hilo linauma, na kama wakili angenipa hesabu ya kweli ya kesi ya kuidai serikali kwa hilo, ningemsikiliza mpaka jioni.

Kasoro za wapimaji: ramani ya kwanza waliichapa nyeusi na nyeupe, huwezi kutenganisha oevu na kiwanja kikavu, nikawarudishia. Risiti nayo mpaka uidai. Ripoti yao si barua ya NEMA, na wanakuambia hivyo bila kuficha. Bado unaipeleka kwa afisa wa mazingira wa wilaya. Wala wasikudanganye huko nje kwamba kuna kibali cha kujenga ndani ya oevu. NEMA ilitangaza mwaka 2021 kwamba imesimamisha vibali hivyo.

Muuzaji amekubali kushusha bei. Mimi nataka sehemu ya juu ikatwe iwe na hati yake, na hapo bado anavuta miguu. Ukienda, nenda asubuhi kabla hawajatoka kwenda porini, na wakikuuliza kama ungependa kumwona wakili, sema una haraka.